Muwasho Baada ya Kuungua Jua: Mwongozo Kamili, Siku kwa Siku

Ngozi iliyoungua jua haianzi kuwasha siku ileile. Siku ya kwanza inauma, inachoma, ina joto kama paji la uso la mwenye homa. Muwasho huja kesho yake au keshokutwa, maumivu yakiwa yameanza kupoa na mtu akidhani mambo yamekwisha. Hapo ndipo mikono inapoanza kuhangaika: kucha, dodoki, dawa ya meno, dawa ya kuchua, tyubu ya dawa ya ngozi iliyosahaulika kabatini tangu mwaka juzi.

Karibu kila dawa inayotajwa kwa muwasho huu ina siku yake. Mafuta ya mgando yanasaidia sana siku ya 5, lakini saa chache baada ya kutoka juani ni kosa. Maji baridi ni tiba kubwa siku ya kwanza, ila ukioga mara sita siku ya 4 utazidisha muwasho. Kwa hiyo kabla ya kupaka chochote jiulize: leo ni siku ya ngapi tangu ngozi iungue?

## Watu weusi nao huungua

Rangi nyeusi ya ngozi hupunguza mionzi inayopenya, lakini haiizuii yote. Mvuvi aliyeshinda ngalawani bila shati huungua. Hata mwanafunzi aliyesimama uwanjani asubuhi nzima kwenye mashindano, au fundi aliye juu ya bati jipya, anaweza kuungua. Tofauti ni kwamba kwenye ngozi nyeusi wekundu hauonekani kirahisi, ndiyo maana wengi huambiwa wana aleji. Angalia kama ngozi imekuwa nyeusi kuliko kawaida au ina rangi ya damu ya mzee, kisha weka nyuma ya kiganja chako juu yake. Ikiwa ina joto kuliko sehemu iliyokuwa imefunikwa na nguo, imevimba kidogo na inauma ukiigusa, imeungua.

Wako wanaoungua upesi zaidi. Wa kwanza ni watu wenye ualbino, ambao ngozi yao ina melanini (rangi ya asili ya ngozi) kidogo sana au haina kabisa, na dakika chache za jua la mchana zinawatosha kuungua. Wa pili ni wanaotumia mkorogo na krimu za kung'arisha ngozi, kwa sababu zimeondoa kinga ya rangi na mara nyingi zimeifanya ngozi kuwa nyembamba. Wa tatu ni wanaotumia dawa zinazoifanya ngozi ilichukie jua: doksisaiklini (hata ile inayotumika kujikinga na malaria), siprofloksasini, kotrimoksazoli ambayo wengi huiita septrini, na haidroklorothiazaidi ya shinikizo la damu. Kama umeungua kwa jua ambalo siku zote halikudhuru, chunguza dawa ulizoanza hivi karibuni. Usiziache kwa uamuzi wako, hasa za presha. Rudi kwa aliyekuandikia umweleze.

Na baridi isikudanganye. Kinachounguza ni mionzi ya urujuanimno, si joto. Kila ukipanda mita 1,000 juu ya usawa wa bahari mionzi hiyo huongezeka kwa takriban asilimia 10, kwa hiyo mtu wa Njombe, Lushoto au Limuru anaweza kuungua akiwa amevaa sweta, kichwa na shingo vikiwa wazi. Mawingu mepesi huipitisha sehemu kubwa. Ufukweni mchanga mkavu na povu la bahari huirudisha kutoka chini, ndiyo maana mtu aliyekaa chini ya mwavuli wa makuti hushangaa kidevu na nyuma ya magoti vimeungua.

## Kinachowasha ni nini

Mionzi ikizidi huharibu chembe za ngozi ya juu mpaka kwenye vinasaba vyake. Mwili huziua chembe zilizoharibika na kuita uvimbe: mishipa midogo ya damu hutanuka, na kemikali kama prostaglandini na histamini humwagika mahali hapo. Uvimbe huu huanza kuonekana saa 3 hadi 6 baada ya jua, hufika kilele kati ya saa 12 na 24, kisha hushuka polepole kwa siku mbili tatu.

Muwasho una vyanzo viwili. Cha kwanza ni kemikali hizo, ambazo huchokoza ncha za neva nyembamba zinazobeba hisia ya kuwasha. Hiki ndicho kinachotawala siku ya 2 na ya 3. Cha pili ni ukavu. Ngozi ya juu iliyokufa haiwezi tena kushika maji, inakakamaa, inapasuka vipande vidogo usivyoviona, na neva zilizo chini yake zinabaki karibu na hewa, jasho na nguo. Hiki hutawala kuanzia siku ya 4 hadi ngozi itakapomaliza kubambuka, kwa kawaida siku ya 7 hadi ya 10.

Muwasho wa kemikali unatakiwa kupozwa na kutulizwa kwa dawa, na ule wa ukavu unataka maji yafungiwe ndani ya ngozi kwa mafuta. Anayepaka kalamini, ile losheni ya waridi ya kupoza muwasho, siku ya 6 anaikausha ngozi ambayo tayari ni kavu, halafu analalamika kwamba dawa haifanyi kazi.

## Hakikisha kwanza ni jua

Harara, vile vipele vya joto, huja pale jasho lilipozibwa: chini ya matiti, kwapani, mapajani, shingoni kwa mtoto aliyevalishwa sana. Kuungua jua kunafuata mpaka wa nguo. Mkanda wa sidiria, saa ya mkononi, kamba za ndala, vyote huacha alama yake safi. Usipouona mpaka huo, shuku kitu kingine.

Vipele vidogo vinavyowasha sana mikononi na kifuani, bila ngozi kuwa na joto wala kuuma, vikitokea saa kadhaa baada ya jua kali la kwanza, ni mzio wa jua. Huwapata sana watu waliokaa muda mrefu ndani au kwenye nchi ya baridi kisha wakarudi likizo pwani. Mabaka yenye umbo la matone au michirizi, yanayochoma na kuacha weusi wa wiki nyingi, mara nyingi ni juisi ya ndimu au limau iliyomwagikia ngozi kabla ya kukaa juani. Na muwasho unaozidi usiku, ukiwa katikati ya vidole, viwikoni na kiunoni, na wengine nyumbani nao wanajikuna, ni upele wa kuambukiza (skabi), na unahitaji dawa yake.

## Saa 24 za kwanza: toa joto

Huwashwi bado, au unawashwa kidogo. Lakini unachofanya leo ndicho kitakachoamua ukubwa wa muwasho wa keshokutwa.

1. Ondoka juani mara moja, hata kama kuungua kunaonekana kidogo. Ngozi inaendelea kuonyesha madhara saa nyingi baada ya kuingia ndani, kwa hiyo unachokiona saa 9 alasiri si picha kamili.

2. Suuza chumvi ya bahari, mchanga, jasho na losheni kwa maji matamu yaliyopoa. Maji ya mtungi yanafaa sana. Mwagia taratibu kwa kopo dakika 10 hadi 15. Kama kisima chenu ni cha maji ya chumvi, weka akiba ndoo moja ya maji matamu kwa ajili ya suuzo la mwisho, kwani chumvi inayokaukia kwenye ngozi iliyoungua huwasha peke yake. Usitumie barafu moja kwa moja: inabana mishipa ghafla na inaweza kuunguza kwa baridi ngozi ambayo tayari imejeruhiwa.

3. Chukua kanga kuukuu ya pamba iliyokwisha lainika, ichovye, ikamue kidogo, tandaza juu ya sehemu iliyoungua dakika 10 hadi 15. Rudia kila baada ya saa moja au mbili. Ukiiacha mpaka ikauke mwilini, itashika ngozi na kuikwangua unapoitoa.

4. Kunywa maji zaidi ya kawaida mpaka mkojo uwe mweupe au wa njano hafifu. Ngozi iliyoungua eneo kubwa huvuta maji ya mwili. Mtoto akitapika au akilegea mpe ORS (unga wa kurudisha maji na chumvi mwilini), pakiti moja katika kiasi cha maji safi kilichoandikwa juu yake, kidogo kidogo kwa kijiko, na mpeleke kituo cha afya.

5. Dawa ya uvimbe hufanya kazi zaidi ikianza mapema. Mtu mzima asiye na kizuizi anaweza kumeza ibuprofeni miligramu 400 baada ya chakula, kila saa 8, isizidi miligramu 1,200 kwa siku na isizidi siku 3. Asiitumie mwenye vidonda vya tumbo, ugonjwa wa figo, pumu inayoamshwa na dawa hizi, wala mjamzito. Pia kama kuna homa na mwili mzima unauma, na mko sehemu yenye dengi, kama Dar es Salaam au Mombasa msimu wa mvua, iache ibuprofeni na aspirini, tumia parasetamoli. Parasetamoli haipunguzi uvimbe, inapunguza maumivu tu: gramu 1 kila saa 6, isizidi gramu 4 kwa siku. Aspirini usimpe mtoto chini ya miaka 16.

6. Paka kitu chepesi chenye maji mengi, si mafuta mazito. Losheni isiyo na manukato inatosha, au utomvu wa mshubiri.

Mshubiri unataka uangalifu ambao wengi hawaufanyi. Ukikata jani, kati ya ganda na ute mweupe hutoka maji ya njano machungu. Hayo ndiyo yanayowasha, na mtu akijipaka nayo husema mshubiri haumfai. Kata jani nene la chini, lisimamishe kwenye kikombe sehemu iliyokatwa ikiangalia chini kwa dakika 15 mpaka njano iishe kuchuruzika. Menya ganda pande zote, suuza ute kwa maji safi, kisha paka kidogo sehemu ya ndani ya mkono usioungua. Ikipita nusu saa bila kuwasha, tumia. Ute unaobaki unakaa kwenye jokofu siku moja au mbili. Usio na jokofu uutupe.

Katika hatua hii acha kabisa mafuta ya mgando, siagi, mafuta ya kula na mafuta ya nazi. Si kwamba ni sumu. Yanafunika ngozi inayohitaji kupumua joto lake nje, na kuifanya iendelee kuchemka chini ya utando.

## Siku ya 2 na ya 3: muwasho wa kemikali

Joto limepungua, maumivu yamekuwa ya kuvumilika, na sasa mikono haitulii. Lengo ni kuituliza neva bila kuikwaruza ngozi.

Oti. Zile oti za uji, zisizo na sukari wala ladha, ndizo dawa ya jikoni tunayoiamini kuliko zote, kwa sababu zina viambato vinavyopunguza uvimbe na huacha utando laini juu ya ngozi. Zisage kwenye blenda mpaka ziwe unga laini kabisa. Pima kwa kutia kijiko kimoja ndani ya glasi ya maji na kukoroga: maji yakiwa meupe kama maziwa na yakabaki hivyo, unga uko tayari, ukizama chini kama mchanga, saga tena. Tia robo kikombe ya unga kwenye beseni la lita 10 la maji yaliyopoa, koroga, kisha jimwagie polepole au jifunike kwa kanga iliyochovywa humo kwa dakika 10. Usisuuze tena. Gusagusa kwa taulo, usisugue, ukiacha ngozi na unyevu kidogo. Sakafu itateleza, kwa hiyo mwangalie mzee na mtoto.

Kalamini. Tikisa chupa, paka safu nyembamba kwa pamba, mara 3 hadi 4 kwa siku. Hupoza inapokauka. Itumie siku hizi mbili tu, na isipakwe kwenye malengelenge yaliyopasuka. Ukiona inaanza kukatika magamba meupe, ioshe kabla hujapaka nyingine. Kurundika safu juu ya safu kunavuta ngozi.

Vidonge vya mzio. Setirizini miligramu 10 mara moja kwa siku, au loratadini miligramu 10 mara moja kwa siku, kwa mtu mzima. Kwa mtoto wa miaka 6 hadi 11 setirizini ni miligramu 5 asubuhi na miligramu 5 jioni. Chini ya hapo mwone mfamasia ukiwa na uzito wa mtoto. Piritoni miligramu 4 usiku husaidia kulala, lakini humlevya mtu usingizi, hivyo dereva wa bodaboda au anayetumia mashine asiinywe mchana. Usichanganye piritoni na setirizini usiku mmoja bila ushauri. Usitegemee pia kidonge kizime kila kitu: histamini ni sehemu tu ya muwasho huu, ndiyo maana kidonge peke yake huleta nafuu ya nusu.

Haidrokotisoni asilimia 1. Ni krimu ya steroidi hafifu. Inafaa kwa sehemu ndogo inayowasha mno na ambayo haijapasuka. Kipimo: kamua tyubu kutoka ncha ya kidole cha shahada mpaka pingili ya kwanza. Kiasi hicho kinatosha eneo la viganja viwili vya mtu mzima. Mara 1 au 2 kwa siku, siku 3 basi. Hapa tunasisitiza kwa uzito, maana madhara tunayajua: duka la dawa likikuletea tyubu ya mchanganyiko, soma upande wa nyuma. Ukiona betamethasoni au klobetasoli, irudishe. Hizo ni steroidi kali, mara nyingi zimechanganywa na dawa ya fangasi na ya bakteria ambazo hapa hazina kazi, na zikipakwa usoni kwa wiki chache huacha ngozi nyembamba, chunusi na ngozi inayoungua jua upesi kuliko mwanzo.

Ukishikwa na hamu ya kujikuna, bonyeza kwa kiganja kizima na uhesabu mpaka sitini, au weka kitambaa baridi dakika 5. Kucha zikatwe fupi jioni ileile. Kwa ngozi nyeusi, kila mkwaruzo wa leo unaweza kuwa doa jeusi litakalokaa miezi.

## Usiku

Muwasho huzidi usiku kwa watu wengi: ngozi hupata joto zaidi, kitanda kina joto, na hakuna kazi ya kukusahaulisha. Oga maji yaliyopoa dakika 5 kabla ya kulala, paka losheni ngozi ikiwa na unyevu, meza kidonge chako, kisha lala juu ya shuka la pamba ukiwa na kanga au msuli mwepesi badala ya nguo ya nailoni. Feni iwekwe mbali ikizungusha hewa ya chumba, kwani ikikupuliza moja kwa moja usiku kucha itakukausha. Losheni ikiwekwa kwenye jokofu saa moja kabla huleta nafuu ya ziada. Mtoto mdogo mvalishe soksi safi mikononi.

## Muwasho mkali wa ghafla wa mgongoni

Watu wachache, siku 1 hadi 3 baada ya kuungua mgongo na mabega, hupatwa na muwasho usiofanana na mwingine. Huja kwa mawimbi, kama sindano za moto chini ya ngozi. Mtu hawezi kukaa wala kulala, na akijikuna huongezeka. Wengine hulia. Wasioujua humcheka mgonjwa au kumwona anatia chumvi, na hilo si haki, kwa sababu mateso yake ni ya kweli.

Mambo matatu ya kufahamu hapa. Kwanza, utakwisha: kwa kawaida ndani ya saa 48. Pili, maji yanayomwagika mgongoni na mguso wa mkono unaopaka losheni vinaweza kuuamsha upya. Kama ndivyo kwako, acha kuoga sehemu hiyo na acha kupaka kwa saa kadhaa. Tatu, kinachosaidia wengi ni ibuprofeni na setirizini zikimezwa kwa wakati wake bila kusubiri wimbi, nguo isiyogusa mgongo, na kutembeatembea chumbani mpaka wimbi lipite. Ikiwa mgonjwa hawezi kulala usiku wa pili, apelekwe kwa daktari. Zipo dawa za kuandikiwa.

## Siku ya 4 hadi ya 10: ngozi inabambuka

Sasa mafuta yana kazi. Ngozi ya juu inatoka vipande kama ganda la kitunguu, na chini yake kuna ngozi changa, laini, isiyozoea kitu.

Oga mara moja kwa siku, mara mbili ikizidi jasho, dakika 5, maji yasiyo ya moto. Sabuni iishie kwapani, sehemu za siri na miguuni. Sabuni ya mche haifai kwenye ngozi inayobambuka, wala sabuni za dawa, kwa kuwa huondoa mafuta machache yaliyobaki. Dodoki lipumzike mpaka wiki mbili zipite.

Ndani ya dakika 3 baada ya kuoga, ngozi ikiwa bado na unyevu, funga maji hayo ndani. Chagua moja: mafuta ya mgando yasiyo na manukato (safu nyembamba), mafuta ya nazi safi, au glisarini iliyoyeyushwa, kijiko 1 kwa vijiko 4 vya maji yaliyochemshwa yakapoa. Glisarini isipakwe tupu, kwa sababu kwenye hewa kavu huvuta maji kutoka ndani ya ngozi yenyewe na kuiacha ikibana. Tengeneza ya siku moja tu. Ukitaka matokeo mazuri zaidi, paka glisarini kwanza, ikinywea fuatisha mafuta ya mgando juu. Rudia mara 3 hadi 4 kwa siku bila kuoga tena. Lowesha tu kwa kiganja chenye maji kabla ya kupaka.

Kipande kilichoning'inia usikivute. Kinachoonekana kimekufa kwenye ncha bado kimeshika ngozi hai kwenye shina, na ukikivuta utafungua kidonda. Kikate kwa mkasi mdogo uliofutwa kwa spiriti, karibu na pale kiliposhika.

Vipodozi vya asili vya kusugua na kupaka, yaani singo, msio, liwa na manjano, visubiri. Tunajua pwani hakuna bibi harusi anayekubali kirahisi kuahirisha singo, lakini kusugua ngozi changa kunarudisha muwasho wote na kuacha mabaka ambayo singo yenyewe haitayaondoa. Liwa, hata inayopozwa kwa maji ya waridi, ikikauka hukaza na kuvuta.

Malengelenge yasitumbuliwe, ngozi yake ndiyo bandeji bora. Likipasuka lenyewe, osha kwa maji safi na sabuni laini, paka mafuta ya mgando, funika kwa shashi isiyoshika, badilisha kila siku.

## Vinavyoharibu, na sababu yake

Dawa ya meno hupoza dakika mbili kwa sababu ya mnanaa, kisha sabuni na vikwaruzo vilivyomo huikausha ngozi. Dawa za kuchua zenye kafuri na mentholi nyingi huchoma ngozi iliyo wazi. Magadi yana ukali wa alkali, na ngozi yenye afya ni ya asidi kidogo, hivyo kuyaoga ni kuongeza jeraha. Mtindi na yai hutoa ubaridi ambao maji yangeutoa, ila huacha chakula cha bakteria kwenye ngozi iliyopasuka. Dawa za ganzi zenye benzokaini zinaweza kuleta mzio, na utakuwa na muwasho mwingine juu ya ule wa kwanza.

## Nenda hospitali ikiwa

Mtoto chini ya mwaka 1 ameungua, kwa kiasi chochote. Malengelenge yamejaa usoni, mikononi, sehemu za siri au eneo kubwa la mwili. Kuna homa ya nyuzi 38.5 au zaidi, kutapika, kizunguzungu au kuchanganyikiwa. Kuchanganyikiwa baada ya jua ni dharura, mpoze kwa maji huku usafiri ukitafutwa. Macho yanauma na hayavumilii mwanga. Usaha, gamba la njano, michirizi inayotambaa kutoka kwenye jeraha, au maumivu yanayoongezeka baada ya siku ya 3 badala ya kupungua: hiyo ni dalili ya bakteria, na losheni haitatosha.

## Kurudi juani

Ngozi changa huungua upesi, kwa hiyo ifunike walau wiki 2 hadi 4. Kati ya saa 4 asubuhi na saa 10 jioni kaa kivulini. Kama huna saa, angalia kivuli chako: kikiwa kifupi kuliko wewe, jua lina nguvu ya kuunguza. Nguo iliyofumwa kwa kubana yenye mikono mirefu inashinda losheni yoyote. Inue juu uitazame kwenye mwanga. Ukiona vidole vyako kupitia kitambaa, mionzi nayo inapita. Kofia iwe na ukingo pande zote, kwani kapelo huacha masikio na shingo.

Losheni ya kukinga jua iwe ya SPF (kipimo cha nguvu ya kinga) 30 au zaidi. Kosa la kawaida ni kupaka kidogo. Uso na shingo vinahitaji kijiko kimoja cha chai, na mwili mzima wa mtu mzima takriban mililita 30. Paka dakika 20 kabla ya kutoka, rudia kila saa 2 na kila ukitoka majini.

Kwa mtu mwenye ualbino ratiba hii ni ya kila siku ya maisha, mvua inyeshe au isinyeshe, na familia na walimu wanapaswa kuibeba pamoja naye: dawati lisilo dirishani, kofia na mikono mirefu iruhusiwe kwenye sare, michezo ifanyike asubuhi mapema au jioni. Nchini Tanzania, losheni ya Kilisun hutengenezwa Moshi kwa ajili yao hasa. Kenya, Baraza la Taifa la Watu Wenye Ulemavu lina mpango wa kuwapatia losheni kupitia hospitali. Ulizia kwenye chama cha watu wenye ualbino cha eneo lako.

Kisha, mara moja kila mwezi, kwenye mwanga mzuri, mtu mwingine amkague masikio, midomo, shingo, mabega na nyuma ya mikono. Muwasho wa kuungua jua huisha ndani ya wiki mbili. Sehemu inayoendelea kuwasha peke yake, iliyokwaruza kama msasa, au kidonda kinachopona na kurudi kwa zaidi ya wiki 4, si muwasho wa jua tena. Apelekwe kliniki ya ngozi, kama ile ya kituo cha mafunzo ya magonjwa ya ngozi katika hospitali ya KCMC, Moshi, au kliniki yoyote ya ngozi ya hospitali ya rufaa iliyo karibu, akakatwe kipande kidogo cha kupimwa. Saratani ya ngozi ikikutwa ikiwa ndogo kama punje ya maharage, mara nyingi hukatwa siku moja na mgonjwa akarudi nyumbani jioni ileile.